Harusi ya Jicho Moja

Miaka nenda miaka rudi, Zulikha aliimba kwenye harusi za wanawake wa mtaa wa Tijditt, katika mji wa Mostaganem, milango ikiwa imefungwa. Wanaume wa mtaa waliijua sauti yake kwa kuisikia nyuma ya ukuta tu. Hawakuwahi kumwona akiwa na dufu mkononi. Siku hizi watu wanakodi madijei, na dufu limejaa vumbi. Basi wanawake wa mtaa walipoanza kutengeneza filamu ya maisha yao wenyewe, kamera ikipita mkono hadi mkono, Zulikha alisema bila kuuma maneno kwamba anataka aonekane kabla hajafa.

Wakarekodi sherehe ya hina ya binti wa Khaltum, mmoja wa wanawake hao. Sharti la filamu lilikuwa kila aliyerekodiwa ajitazame, na asiyeridhika aondolewe. Walipojitazama, lahaula! Walikuwa wamecheza vichwa wazi, mabega wazi. Mmoja alimhofia mume, mwingine mkwe, na wa tatu, asiye na mume wala mkwe, alilichukia gauni lake. Wasila, kiongozi wa kikundi, akakata na kukata, mpaka akabaki Zulikha na ukuta.

"Sasa hapo namwimbia nani, nzi?" Zulikha akauliza. "Nitoeni na mimi."

Moyo ulimuuma kwelikweli. Khaltum akaona haya, akaenda kufungua sanduku la marehemu mama yake. Alirudi amejigubika haiki, lile shuka jeupe la kutokea nje, limeacha jicho moja tu.

"Piga dufu, mama," akamwambia Zulikha. "Nani atanijua?"

Haiki ndani ya nyumba! Tangu dunia iumbwe nani aliona? Walicheka mpaka wakashika mbavu, kisha kila mmoja akakimbilia sanduku la bibi yake. Wakaicheza sherehe upya, wakigongana na nguzo kwa kuona upande mmoja. Shuka lenyewe hushikwa kwa meno, kwa hiyo kila aliyepiga kigelegele lilimponyoka, wakaanza tena. Uso wazi ulikuwa mmoja tu, wa Zulikha, naye aliimba kama msichana.

Siku ya kuonyesha filamu ukumbi ulifurika, wanaume kwa wanawake. Habibu mwoka mikate akawa anajigamba kwa wenzake huku akinyoosha kidole.

"Yule anayetikisa bega ni wangu. Mke wangu hanipotei hata kwenye gunia."

"Wako ndiye aliyeshika kamera," mkewe akamjibu kutoka nyuma.

Ukumbi mzima ulivunjika mbavu kwa kicheko, na Habibu akacheka kuliko wote. Taa zilipowashwa, Wasila akauliza, kama sharti lilivyotaka, kama kuna anayetaka kuondolewa.

Zulikha akanyoosha mkono. Khaltum akashika kifua.

"Irudieni tangu mwanzo," Zulikha akasema. "Wote mmeniona, mimi sijajiona. Machozi yaliniziba macho."