Siagi Iliyokataa Kutengana

Kila asubuhi nilikaa kwenye kigoda nje ya jiko, nikaweka kibuyu cha maziwa mapajani na kukisukasuka mpaka siagi itengane. Kazi hiyo ni ya masikio. Kwanza maziwa hulia chwa-chwa, kisha sauti huwa nzito, mwishowe bonge la siagi hugonga ndani, ndu, ukajua umemaliza.

Asubuhi ile nilisukasuka, nikasukasuka, sauti ikabaki chwa-chwa. Hilo halikunitia wasiwasi. Kilichonishtua ni kwamba mabega hayakuchoka. Nikatazama kivuli cha jiko. Kilikuwa kwenye kidole changu cha mguu, palepale nilipokiacha.

"Mama," nikaita, "jua limekwama."

Mama Mubiana, mama mkwe wangu, alikuwa mlangoni anafunga furushi langu. "Basi kuna mtu kameza neno," akasema bila kugeuka. "Akalitapike kwake huko, sisi tuna safari."

Safari ilikuwa yangu. Mume wangu, Mubiana, alifariki mwaka uliotangulia, na siku za maombolezo zilikuwa zimekwisha. Kaka yangu Sitali alikuwa amekuja na mtumbwi kunirudisha kwetu, ng'ambo ya mafuriko. Mama mkwe ndiye aliyemwita. Hakuniuliza, nami sikusema kitu. Nikajiambia kwamba amenichoka, na kwamba ni haki yake.

Hapa kisiwani Namuloko hata watoto wanajua: neno likishafika kooni ukalimeza, linashuka na saa yetu, wakati ukasimama. Kwa kawaida si jambo kubwa. Mke na mume wamenuniana, chungu kimekataa kuchemka, mmoja anasema alichotaka kusema, wanakula. Lakini siku ile kisiwa kizima kilisimama. Ngoma ya Malkia ikalia, na mpiga mbiu wake, Mundia, akapita nyumba hadi nyumba.

"Malkia anauliza, nani kameza? Mlitoe hilo neno jamani! Mwenzenu Nalishebo yuko kwenye uchungu wa kuzaa!"

Mama mkwe akaacha kamba. "Maskini! Yuko vipi?"

"Amekwama kati ya uchungu na uchungu. Amekaa anatafuna karanga, anasema tusiharakishe kwa ajili yake."

Basi watu wakaanza kutoa. Kila mwenye kijineno alikileta nje asije akaonekana ndiye. Jirani yetu Akufuna alimwambia mkewe kwamba sauti yake ya kuimba inamkera tangu walipooana. "Najua," mkewe akajibu. "Unadhani naimba kwa nini?" Mtu mmoja alikiri mbuzi wake ndiye aliyemaliza maboga ya shangazi yake. Ikasemekana hata Malkia alisimama mbele ya baraza akasema wale bata waliomletea sikukuu walikuwa vikongwe, alitafuna kwa heshima tu. Kisiwa kizima kilikuwa kinacheka na kununa kwa pamoja. Kivuli kikabaki kwenye kidole changu.

Sitali akapanda kutoka bandarini, pondo la kusukumia mtumbwi begani. Akainama, akapiga makofi taratibu kumsalimu mama mkwe, kisha akatutazama mmoja baada ya mwingine.

"Mtumbwi hautoki. Maji yamelala. Namasiku, isije ikawa ni ninyi."

"Sisi tuna nini?" Mama mkwe akasema haraka. "Furushi limefungwa. Mtoto bado kijana, anarudi kwao, ataolewa. Kuna neno gani hapo?"

Nikatazama lile furushi. Alikuwa amelifunga, akalifungua, akalifunga tena tangu alfajiri, na bado kikombe changu kilikuwa kwenye rafu yake, ubavuni mwa chake.

"Mama," nikasema kwa sauti ndogo, "maziwa yako unayaacha yanachacha mno."

"Na wewe unakoroma," akanijibu papo hapo.

Sitali akachungulia kivuli. "Bado."

"Ile mboga niliyosema imeliwa na paka, niliila mimi."

"Nilikuona. Paka gani anaosha bakuli?"

"Bado," akasema Sitali. Akaketi chini.

Nilishika shingo ya kibuyu kwa mikono miwili. Mimi si mtu wa kusema. Hata nyumbani kwetu nilikuwa natumwa kwa jirani narudi bila kuomba chumvi. Lakini nilimfikiria Nalishebo na karanga zake, ambazo zingekwisha.

"Mama, sitaki kwenda. Kama umenichoka nitakwenda. Ila mimi sitaki."

Nikafumba macho, nikasubiri jua linigonge usoni. Nilipoyafumbua, kivuli kilikuwa palepale.

Sitali akajikuna kichwa. "Kumbe si lako."

Mama mkwe alikuwa ameketi juu ya furushi. Akaifuta midomo yake kwa nguvu kwa upindo wa kitenge. Nilidhani anakasirika. Nikaanza kusukasuka kibuyu tena, maana sikujua mikono niipeleke wapi.

"Watu walinisema," akaanza. "Kwamba nakubana hapa kwa sababu mwanangu hayupo na nataka mtu wa kunisukia maziwa. Nikaona aibu. Nikamwita kaka yako."

"Mama..."

"Ngoja, lisirudi chini." Akavuta pumzi. "Usiende."

Ndani ya kibuyu kitu kikagonga, ndu. Sitali akaruka juu akikimbilia mtumbwi wake ulioanza kuchukuliwa na maji, na kutoka upande wa kina Nalishebo tukasikia ukelele mmoja mrefu, kisha vigelegele vya wakunga. Mama mkwe hakugeuka kutazama. Akaushika mkono wangu uliokuwa juu ya kibuyu.

"Sikutaki kwa ajili ya maziwa, Namasiku, wala kwa ajili ya Mubiana. Nakutaka wewe."