Wivu wa Misumari

Kiwanda cha misumari cha Kizota kilipofungwa, mwaka tisini na tano, mimi nilipoteza bendi na mke wangu alipoteza mashine. Watu walinipa pole mimi. Nilikuwa Seleman wa Misumari Jazz, mpiga gitaa la solo katika bendi ya kiwanda, mtu wa kusimama mbele na shati la kitenge. Nikipita Barabara ya Sita sikumaliza hatua kumi bila kuitwa. Stumai alikuwa mwendeshaji wa mashine namba nne tu, mwanamke mwembamba kutoka Kwa Mtoro, huko Usandawe, mwenye kitambaa kichwani na pamba masikioni. Nani ampe pole kwa ajili ya chuma?

Pamba zenyewe alikuwa akizitoa msimamizi akigeuka. Hilo nililijua baadaye.

Siku tatu kabla ya mnunuzi kuja kung'oa mashine, alimwomba Sila aje na redio ya kurekodia. Sila alikuwa fundi umeme wa kiwanda na ndiye aliyetengeneza amplifaya zetu za bendi. Mgogo wa Ipagala, mzee wa kanisa, aliyefiwa na mkewe miaka miwili nyuma. Nilikuja kuchukua waya zangu nikawakuta wamekaa na ile redio mbele ya namba nne, mashine inapiga misumari ya inchi tatu, ta-ka-ta, ta-ka-ta, sakafu inatetemeka.

"Mama Rukaya, unarekodi kelele?" nilimwuliza.

"Narekodi namba nne," alisema. "Wewe una kanda za bendi. Mimi nina nini?"

Nilicheka. Sila hakucheka.

Kiwanda kikafa. Amplifaya zikauzwa pamoja na meza na viti. Nikabaki na gitaa la umeme lisilo na umeme, napiga mazoezi sebuleni, sauti kama ya nzi kwenye chupa. Sila alifungua kibanda cha kutengeneza redio palepale Kizota, kati ya mashine ya kukamua alizeti na wachomeleaji mageti. Ilikuwa miaka ile vitu vinamiminika kutoka Dubai. Mfanyabiashara mmoja alimwachia kinanda cha umeme kilichokufa nusu, Sila akakifufua. Mhandisi mmoja Mjerumani wa mradi wa maji, alipokuwa anarudi kwao, alimpa rekoda yenye njia nne, ya kurekodi sauti moja juu ya nyingine, pamoja na kanda za muziki wa huko kwao. Muziki wa viwandani, ndivyo wenyewe walivyouita. Ngoma za umeme, vyuma vinagongana, na mtu anaimba kana kwamba sauti yake inapita kwenye waya ulioungua.

Sila alimsikilizisha Stumai. Mke wangu alicheka mpaka akajifuta machozi kwa ncha ya khanga.

"Kumbe wapo wengine," alisema.

Tangu hapo kila alasiri, akishauza vitumbua vyake, alikuwa Kizota. Mashine ya alizeti wakaifanya besi. Msumeno wa wachomeleaji waliupitisha kwenye amplifaya mbovu mpaka ukalia kama mnyama. Stumai alisema maneno yake kwenye kipaza sauti cha mnadani. Kisandawe kina sauti za kugonga ulimi, na alizigonga katikati ya chuma, hujui kipi ni ulimi na kipi ni nyundo. Wimbo mmoja ulikuwa majina matupu ya waliopunguzwa kazi, kila mmoja na idara yake: "Tabu, ufungashaji. William, tanuru. Evarista, mizani." Basi. Anataja jina, mashine inajibu.

Nilikwenda kusikiliza nikiwa nimejiandaa kuwahurumia. Nilisimama mlangoni. Wimbo ulipokwisha nikagundua nimeushika mwimo wa mlango kwa mikono miwili.

Miaka kumi na tisa nimepiga gitaa. Nimejifunza kwa watu wakubwa, nimekesha na vidole vinatoka damu. Na huyu, asiyejua hata jina la noti moja, alikuwa amekaa kwenye ndoo iliyogeuzwa, na kitu alichokitengeneza kilikuwa hai kuliko chochote nilichowahi kupiga. Nilijua papo hapo. Mwanamuziki hadanganyiki masikio. Nilihisi kama nimemeza kaa la moto, nami ndiye niliyeliokota.

"Kaka Seleman," Sila akasema, "njoo uweke gitaa hapa."

Nikaweka. Nilipiga vizuri sana, nilitaka wajue. Stumai alisikiliza ameinamisha kichwa, akazima rekoda.

"Baba Rukaya, gitaa lako linabembeleza," alisema taratibu. "Namba nne haibembelezwi."

"Una maana sijui kupiga?"

"Unajua. Ndiyo shida."

Nikaondoka na gitaa langu begani, juani, Kizota yote inaniona.

Sasa nitasema jambo la aibu. Wivu wa mwanamume kwa mwanamume mwenzake watu wanauelewa. Ukikaa kwenye benchi la kahawa ukasema mke wangu yuko kila siku na Sila, watu wanatikisa kichwa, wanakumiminia kikombe kingine. Ukisema mke wangu ana kipaji kunizidi na siwezi kulala, nani atakumiminia? Basi nikachukua ule wivu unaoeleweka nikauvaa. Sikusema uongo moja kwa moja. Nilisema, "Sijui, jamani. Mimi naona tu." Hanifu muuza kahawa akasema, "Pole, ndugu yangu." Neno lilitembea kutoka benchini hadi sokoni, kutoka sokoni hadi Ipagala. Kabla ya mwezi kuandama, wazee wenzake wa kanisa walimwita Sila, wakamwambia apumzike uzee wa kanisa mpaka mambo yatulie.

Nilipata habari hiyo nikala chakula chote.

Stumai naye ilimfikia. Hakuniuliza kitu. Alibadilisha tu njia ya kupita, akawa hapiti tena benchini.

Zilikuwa zimebaki siku chache kanda ya nyimbo waliyopanga kuitoa ikamilike. Nyimbo nane zilikuwa tayari. Wa tisa, ambao ndio ungefungua kanda, ulikuwa wa namba nne yenyewe, na kwa huo waliitunza ile kanda ya kwanza, ile ya kiwandani, nusu saa ya mashine peke yake. Sila alikuwa amekivunja kipembe cha plastiki mgongoni mwa kanda ili mtu asiweze kurekodi juu yake. Stumai aliiweka kabatini kwetu, ndani ya soksi ya Rukaya, binti yetu.

Mama mzazi wa Stumai akaugua. Stumai akaenda Kwa Mtoro na Rukaya. Sila naye alikuwa Kongwa anatengeneza pampu kwenye ranchi. Ijumaa, nimerudi kutoka msikitini, nyumba kimya, nikaitoa ile kanda. Nilitaka kusikiliza tu, wallahi. Nikaisikiliza. Nikairudisha nyuma nikaisikiliza tena. Mara ya tatu nilisikia alichokuwa akikisikia yeye: nyundo ya namba nne ilikuwa haipigi sawasawa. Kila pigo la saba ilichelewa kidogo, kama mtu anayevuta pumzi. Miaka yote nimepita pale kuchukua mshahara sijawahi kulisikia pigo hilo.

Nikakata karatasi ya pakiti ya sigara, nikaikunja, nikaziba kishimo mgongoni mwa kanda. Nikabonyeza kitufe chekundu. Nikapiga gitaa nusu saa nzima juu yake. Sikukosea hata noti moja.

Stumai alirudi siku ya nne. Hakunikuta, nilikuwa nimekimbilia kwa dada yangu Lulu kusaidia kupaka chokaa ukuta ambao haukuhitaji chokaa. Alinifuata hukohuko, redio ya betri mkononi. Akaiweka juu ya ndoo ya chokaa akawasha. Gitaa langu likatoka. Alisimama akasikiliza hadi mwisho, upande mzima, Lulu anatutazama haelewi kitu. Ilipokatika, akaichomoa kanda, akatoa ile karatasi kwenye kishimo kwa kucha, akanionyesha.

"Ulisikiliza kwanza?" aliuliza.

"Ndiyo."

"Mara ngapi?"

"Tatu."

"Basi ulijua." Akaikunjua karatasi kama anasoma barua. "Mimi nilidhani ni mambo ya Sila. Nilikuonea huruma, Baba Rukaya. Nikasema mume wangu ana wivu kwa sababu ananipenda."

Brashi ilikuwa inadondosha chokaa kwenye kiatu changu.

"Umepiga vizuri," akasema, akaondoka.

Hakuhama. Alilala chumba cha Rukaya, alinipikia, alinisalimia asubuhi kama unavyomsalimia mpangaji. Heri angenitukana.

Nilianza na Sila, maana huko ndiko nilikoweza kuanza. Nilimkuta kibandani, nikamwambia yote nimesimama. Alikuwa anachomelea waya kwenye redio ya mtu, akaendelea mpaka akamaliza waya ule.

"Kanda ni ya mkeo, ongea naye," alisema. "Jina langu ni langu. Hilo nenda ukalirudishe ulikolitupa."

Nikaenda benchini. Saa kumi alasiri, watu wamejaa. Nikasema mbele yao wote kwamba Sila hana kosa, mke wangu hana kosa, wivu wangu ulikuwa wa muziki, wa ile mashine. Kisha Hanifu akasema kwa upole, "Seleman, mwanamume gani anaonea wivu misumari?" Wakacheka, si kwa ubaya. Walidhani namfichia mke wangu aibu. Mmoja akanisifu kwa uungwana wangu. Nilikwenda na kwa wale wazee wa kanisa, mimi Mwislamu, nikakaa kwenye benchi lao nikarudia maneno yaleyale. Walinisikiliza vizuri zaidi. Sila alirudishwa Pasaka, lakini benchini hadi leo wapo wanaoijua ile hadithi ya kwanza tu. Uongo wangu ulitoka haraka. Kurudi umekataa.

Nilisikia kwamba namba nne iliuzwa kwa mfanyabiashara wa Kongwa. Nilibeba redio ya kurekodia nikaenda. Jamaldini, mwenye karakana, alinipeleka uani. Bodi ya mashine walikuwa wameikatakata, wanatengenezea majiko ya mkaa. Mota ilikuwa inaendesha kinu cha kusaga. Nyundo ilikuwa chini, imeegemezwa kwenye mlango wa stoo usijifunge na upepo. Niliinama nikaigusa. Nikamwuliza kama naweza kuinunua.

"Ya nini? Imekwisha hiyo, imelika upande," alisema.

Imelika upande. Ndiyo sababu ya lile pigo la saba.

Niliporudi nilimweleza Stumai. Alikuwa anachekecha unga wa mchele.

"Nyundo wanaifanyia nini?"

"Wanazuilia mlango."

Akaweka chekecheo chini. Ndipo akalia, kwa mara ya kwanza tangu siku ile, na aliponiacha nikae karibu naye sikujidanganya kwamba nimesamehewa. Alihitaji tu mtu aliyewahi kuisikia.

Kanda ilitoka Julai, mwaka tisini na saba, na nyimbo nane. Waliiita *Zamu ya Mchana*. Karatasi ya juu ilikuwa fotokopi: picha ya mikono ya Stumai, chini yake "Stumai na Sila, Kizota". Waliizindua Jumamosi mchana kwenye uwanja wa wachomeleaji, spika nne zimepangwa juu ya mapipa ya mafuta. Vijana wengine walikuja wakitarajia dansi. Walisikiliza dakika mbili wakaondoka wamefunika masikio. Bibi mmoja aliuliza kama jenereta imeharibika. Lakini watu wa kiwanda walikuja, karibu wote waliobaki mjini, na walipoanza kusikia vyuma walisogea mbele bila kuambiwa. Wimbo wa majina ulipofika, Tabu wa ufungashaji, mama mzima mwenye wajukuu, alianza kusogeza mikono hewani, anafunga pakiti zisizokuwepo, kwa kasi ileile. William akaitika jina lake: "Nipo!" Baada yake kila aliyetajwa akaitika. Lilipotajwa jina la aliyekufa, uwanja ulinyamaza na mashine ikajibu peke yake.

Nilikuwa nyuma, karibu na mageti yanayokauka rangi. Ningependa kusema nilifurahi. Nilijivunia, ndiyo, na chini ya fahari hiyo kaa lilikuwa palepale. Hakuna aliyewahi kuniitikia hivyo. Walicheza nyimbo zangu, walinitunza, walikwenda kulala. Jina langu halikuwa kwenye ile karatasi na halikustahili kuwepo. Wimbo wa nane ulipokuwa unamalizika, nilijua kuna wa tisa ambao hawa watu hawatausikia kamwe, na katika uwanja ule walioujua ni mimi na wao wawili.

Waliposhusha spika nilikwenda nikabeba moja. Sila aliniangalia, akanionyesha pa kuiweka.

Redio moja ya binafsi ya Dar iliupiga wimbo wa majina mara mbili. Kanda moja ilikwenda Ujerumani kwa yule mhandisi, akaandika barua ndefu ambayo Sila alitusomea. Stumai ametengeneza kanda nyingine mbili tangu hapo. Mimi napiga gitaa kwenye harusi, amplifaya ya kukodi, na watu wanacheza. Stumai alirudi chumbani kwetu mwaka uliofuata uzinduzi, siku ya mvua ya kwanza, bila maelezo. Alibeba mto wake akaingia.

Juzi kijana kanisimamisha sokoni. "Shikamoo, mzee. Wewe si ndiye mume wa Stumai?" Nikasema marahaba, ndiye. Nyumbani nikamkuta Stumai anapakua.

"Leo imeniuma tena," nikamwambia.

"Najua," alisema. "Nimeona ulivyofungua mlango. Nawa mikono, mlenda unapoa."