Kipande cha Njano

Deolinda aliajiriwa kumimina chai. Lakini Wafaransa waliokuja Mikindani kutengeneza filamu walipogundua anajua Kireno, lugha ya wazazi wake waliotoka ng'ambo ya Ruvuma, akawa pia mdomo wa Bi Marlene.

Bi Marlene hakuigiza wala hakushika kamera. Alikuwa msimamizi wa uzalishaji: watu arobaini, magari, taa, chakula, hata vyoo, vyote vilikuwa mikononi mwake. Kireno alikiokota alipofanya kazi Maputo.

"Nilianza kama wewe," alimwambia siku moja. "Nikiwabebea kahawa waigizaji, Paris. Leo mwaka wa thelathini na tano."

Deolinda, aliyeishia darasa la nne, akaendelea kumimina chai.

Kilichomstaajabisha zaidi ni ubao. Ulijaa vipande vyembamba vya karatasi za rangi, kila kipande onyesho moja, vimepangwa kwa saa. Bi Marlene akisogeza kimoja kwa kidole, magari yanawashwa, watu wanakimbia, mtaa mzima unageuka. Deolinda aliutazama ubao ule kama mtu anayetazama mbingu.

Siku ya mwisho kilibaki kipande cha njano: mwanamke mzee anarudi kwao na kulitaja jina la mama yake. Mwigizaji wake alikuwa na ndege ya saa tisa. Zilihitajika dakika kumi za kimya, na nyumba ya pili ngoma za unyago zilikuwa zinarindima tangu alfajiri. Mwali alikuwa anatolewa.

"Kawaombe," alisema Bi Marlene.

Kungwi, Bi Asia, alimpokea mlangoni, mikono kiunoni. "We mtoto wa Manuel, wazungu wako wanataka nini tena? Jana mmetuzimia mashine ya kusaga, leo ngoma?"

"Dakika kumi tu, bibi."

"Waambie wakaizime bahari kwanza. Ile ndiyo haina adabu, inapiga kelele usiku kucha!"

Wanawake wakaangua kicheko. Deolinda akarudi kichwa chini.

Lakini naye aliwahi kuwa mwali. Aliijua saa ambayo mwali anaogeshwa na ngoma zinalala. Ila mambo ya ndani hayasemwi kwa asiyechezwa unyago.

Akasimama mbele ya ubao. Akakichomoa kipande cha njano, akakibandika saa sita na nusu.

"Hapo ni chakula cha watu," alisema Bi Marlene.

"Chakula kiwe sasa hivi, mama."

"Kwa nini?"

"Sina ruhusa ya kusema."

Bi Marlene akainua redio yake ya mkononi, akatamka maneno matatu. Watu arobaini wakaacha kazi, wakashika sahani.

Saa sita na nusu ilipofika, kamera ilikuwa tayari na ngoma bado zinalia. Mwongozaji akatazama saa yake, akamtazama Bi Marlene. Bi Marlene hakugeuka.

Ngoma moja ikanyamaza. Ya pili. Zote. Ufagio ulisikika ukifagia ua wa mbali.

Yule mwanamke mzee akasimama kizingitini, akalitaja jina la mama yake.

Ngoma zilipoanza tena, Bi Asia alichungulia juu ya ua. "Nani kawapa saa yetu?"

"Sijasema neno, bibi. Nimesogeza karatasi tu."

"Karatasi!" Kungwi aliukazia macho ubao. "Na hiyo karatasi kaicheza nani?"