Tarumbeta Isiyo na Tundu

Kwanza nilisikia bati likipigwa. Pigo moja, la pili, kisha mlio wa chuma kikiburuzwa juu ya mawe, na sauti ya mwanamume akitukana kwa Kifrisia, lugha ya kwetu, matusi ambayo baba yangu aliwatukania nguruwe tu. Mlango wa kanisa ukafunguka kwa kishindo. Hita ya umeme ikaruka nje, ikapita kando ya goti langu na kutua kwenye theluji. Nyuma yake akatoka mzee mrefu aliyekunja mikono ya shati, anahema.

"Wewe ndiye uliyelileta hili dubwana?"

"Mimi nimeleta tarumbeta."

"Ina matundu?"

"Haina."

Alinitazama mdomoni, si machoni. "Mwongo. Haya, ingia."

Ndivyo nilivyokutana na Douwe Hoitinga, mjini Haarlem, Januari ya mwaka 1979. Nilikuwa na miaka ishirini na minne, mtoto wa mchinjaji, na nilikuwa nimejifundisha tarumbeta ya kale peke yangu kwa miaka minne ndani ya chumba cha kuning'inizia nyama, kwa sababu hapakuwa na pengine ambapo majirani wangenivumilia. Hita ilikuwa imeletwa na wapiga fidla waliochoka kutetemeka. Joto lake lilikausha nyuzi za utumbo wa kondoo, nyuzi zikapanda sauti, na Douwe akaishughulikia hita kwa buti.

Habari zake nilizijua kabla sijamwona. Alikuwa mpiga selo, ile fidla kubwa inayoshikwa katikati ya magoti, katika okestra kubwa ya mjini kwa miaka kumi na saba. Siku moja kiongozi wao alimwamuru atetemeshe nyuzi ili muziki wa miaka mia mbili na hamsini iliyopita utoke mtamu kama uji wa sukari. Douwe alisimama, akavunja upinde wake gotini, akamtupia vipande kifuani na kutoka. Akaanzisha okestra yake katika ghala la samaki lililoachwa wazi: filimbi za mbao, ngoma za ngozi ya ndama, nyuzi za utumbo, kila kitu kama kilivyokuwa wakati muziki ule ulipoandikwa. Watu walimzomea. Mjini Den Haag alishuka jukwaani na kumpiga ngumi mwandishi wa gazeti aliyekuwa akicheka, akalala mahabusu siku mbili. Miaka ikapita, na wale wale waliomzomea wakaanza kumwiga. Santuri zake zikauzwa hadi Japani. Lakini mkono wake haukupoa. Hakuongoza kwa kijiti. Aliongoza kwa ngumi, na kila pigo lilishuka kama la mtu anayevunja mlango.

Kitu kimoja tu alikuwa hajakipata: misa nzima iliyopigwa kwa tarumbeta zisizo na tundu.

Tarumbeta ya kale ni bomba tupu. Haina vali wala kibonyezo. Kila noti inatoka mdomoni na kifuani. Na katika ngazi yake iko noti moja, ya kumi na moja kutoka chini, iliyozaliwa mbovu. Haiko huku wala haiko kule. Lazima uikamate kwa midomo na kuishusha kwa nguvu, kama unavyomvuta fahali kwa pete ya pua. Kwa hiyo wapigaji wa siku hizi hutoboa matundu madogo kwenye bomba, wakainua kidole kimoja, na noti ikakaa sawa. Kisha wanaandika kwenye jalada kwamba wanapiga kama wahenga. Kwa Douwe huo ulikuwa wizi.

Machi hiyo alikuwa amewatangazia watu wa redio kwamba Jumapili, saa tisa alasiri, misa nzima ingepigwa bila tundu hata moja. Kesho yake tungeanza kurekodi santuri. Tulikuwa wawili: Gerbrand Nauta, mwenye miaka arobaini na sita, sauti ya kwanza, mimi, ya pili. Mimi nilitaka jambo moja tu duniani. Nilitaka noti ile isikike ikitoka kwenye bomba tupu, na itoke kwangu.

Asubuhi ya Jumapili hiyo tulifanya mazoezi ya mwisho. Watu wa redio walikuwa wakitandaza nyaya juu ya mawe ya makaburi sakafuni. Gerbrand alipiga sehemu yake, noti ya kumi na moja ikatoka safi. Safi kabisa, kama imeoshwa.

Douwe alisimamisha okestra. "Mmesikia? Huyo ndiye mpigaji! Wewe, mtoto wa bucha, yako inanuka. Msikilize mkubwa wako ujifunze."

"Usijali, dogo," Gerbrand alininong'oneza, akilamba pipi yake nyeusi ya chumvi. "Ukikua utaweza."

Damu ilinipanda kichwani. Nilikuwa nimekaa ubavuni mwake wiki tisa. Nilijua kwamba noti ile haiwezi kutoka hivyo. Hata ukiivuta mpaka mishipa ya shingo ivimbe, inabaki na ukali fulani, kama tunda lililochumwa kabla ya siku zake. Safi namna ile ilikuwa ushahidi tosha. Nikakumbuka kidole gumba chake. Kilikuwa kimelala juu ya kamba nyekundu iliyozungushwa kwenye bomba, na noti ilipofika kiliinuka, kidogo tu.

"Ana tundu," nikasema.

"Nini?"

"Ana tundu! Chini ya kamba! Wiki tisa unasifia tundu, Bwana Hoitinga!"

Mpiga filimbi mmoja alicheka. Nadhani kicheko kile ndicho kilichoharibu kila kitu. Mtu yule alikuwa ametoa maisha yake yote kwa masikio yake, na sasa yalikuwa yamedanganywa mbele ya redio nzima.

Alipanda hadi kwetu akiangusha stendi za noti. Gerbrand alificha tarumbeta mgongoni. "Douwe, ngoja nikueleze..."

"Lete."

"Ngoja, bwana..."

Akamnyang'anya. Aling'oa kamba kwa meno. Tundu lilikuwa dogo kama punje ya dengu. Douwe alilifunika kwa kidole, akalifunua, akalifunika tena. Kisha akaizungusha tarumbeta kwa mikono miwili na kuibamiza kwenye nguzo ya mawe. Shaba ililia. Akabamiza tena. Mara ya tatu Gerbrand alinyoosha mkono kuiokoa, na bomba likaukuta mkono ule kwenye nguzo. Nilisikia vidole vikivunjika. Nimekulia buchani, sauti ya mfupa naijua.

"Mkono wangu! Umeniua mkono, mshenzi wewe!"

Douwe alikuwa akiinua tena. Nilimrukia kutoka nyuma, nikamkaba shingo. Kiwiko chake kilirudi na kunipata mdomoni, mdomo wa juu ukapasuka juu ya jino. Tulianguka kwenye ngoma, ngozi ikachanika chini yetu. Nilimpiga mbavuni mara mbili, yeye akanipiga sikioni. Hatukuachana mpaka Machteld, mkewe na kiongozi wa fidla, aliponivuta nywele kwa mkono mmoja na kwa mwingine akamzaba mumewe kofi lililosikika hadi mlangoni.

"Miaka thelathini navumilia!" akapiga kelele. "Ulivunja viti, nikanyamaza. Leo umevunja mtu!"

Watu wa redio walimchukua Gerbrand kwenye gari lao. Douwe alibaki ameketi kwenye kaburi la tajiri fulani, akitazama ngumi zake. Alipoinua uso hakuuliza habari za mkono wa mtu.

"Utapiga sauti ya kwanza," akaniambia.

"Hapigi kitu," akasema Machteld. "Tazama huo mdomo. Unahitaji kushonwa."

"Nikishonwa sitapiga wiki tatu," nikasema.

"Basi usipige wiki tatu, mjinga wewe! Mnagombania bomba kama mbwa na utumbo!"

"Nitapiga."

Nilisema hivyo si kwa ajili yake Douwe. Nilisema kwa sababu niliitaka noti, na sasa ilikuwa yangu peke yangu, na sikuona haya. Niliweka theluji mdomoni hadi saa tisa.

Kanisa lilijaa mpaka watu wakasimama. Ngumi ya Douwe ikashuka, nasi tukaingia kama watu wanaoshambulia ngome. Pumzi ya kwanza tu ilifungua jeraha. Ladha ya chuma, kisha ya damu, kisha sikuzitofautisha tena. Kila noti ya juu ilinichoma hadi kisogoni. Nilipiga kwa hasira, dhidi ya mdomo wangu, dhidi ya Douwe, dhidi ya ile filimbi iliyocheka. Ukurasa wa kumi na mbili ukafika. Noti ya kumi na moja ilipanda ikiwa mbovu kama ilivyozaliwa, nikaikamata, nikaivuta chini, ikakataa, nikaivuta tena na nyama ikaachana kabisa, na hapo ikakaa. Haikuwa safi. Ilikuwa kali na hai, na ilijaza kanisa lile mpaka juu kwenye mbao za dari. Mwanamke wa safu ya mbele alitazama shati langu na kufunika uso. Douwe naye aliiona damu. Hakupunguza mwendo. Aliongeza, huku machozi yakimtiririka.

Baadaye alinishika kichwa kwa mikono yote miwili. "Nimeingoja siku hii tangu nivunje upinde," akasema. "Kesho saa nne tunarekodi. Wewe na mimi, kijana, tutawazika wote."

Viganjani mwake mlikuwa bado na nyuzi nyekundu za ile kamba. Nilichukua baiskeli nikaenda hospitali.

Gerbrand alikuwa amelazwa wodi ya wanaume, mkono umefungwa plasta hadi kwenye kiwiko, redio ndogo kando ya mto wa kulalia. Vidole vitatu, daktari alikuwa amesema, na kimoja huenda kisikunjike tena.

"Nimekusikia, dogo," akasema. "Chafu kweli ile noti."

"Chafu."

"Lakini ndiyo yenyewe." Akafungua mdomo na kunionyesha ufizi: meno mawili ya pembeni hayakuwepo. "Tangu Agosti. Bila hayo midomo haina pa kuegemea. Kabla ya hapo nilikuwa naipata, usidhani sikuwa naipata."

"Kwa nini hukumwambia?"

"Nimwambie Douwe? Angenitoa siku hiyo hiyo. Nina miaka ishirini na miwili kwake, nitaenda wapi?"

Nilikaa kwenye ukingo wa kitanda. Kuongea kuliniuma. "Ningeweza kuja kwako pembeni nikakuuliza. Nilisema mbele ya watu kwa sababu ulisifiwa wewe. Mimi ndiye niliyekuponza."

"Najua. Nilikuona unavyonitazama." Alicheka kidogo, kisha akakunja uso kwa maumivu. "Nenda kalale. Kesho unarekodi."

"Siendi."

"Acha upuuzi. Hakuna mwingine nchi hii atakayekupa nafasi ya kupiga bomba tupu. Utawapigia nani, ng'ombe wa kwenu Friesland?"

"Basi nitawapigia ng'ombe." Nikafuta damu kidevuni, nikaushika mkono wake mzima. Wagonjwa wengine walikuwa wametugeukia, nami nikapaza sauti ili wanisikie. "Sikiliza, Gerbrand Nauta. Mpaka Douwe Hoitinga aje hapa kwa miguu yake, asimame mbele ya kitanda hiki na akuombe radhi kwa mdomo wake, mimi simpulizii hata noti moja. Akifa bila kuja, atakuwa amekufa bila kuisikia tena. Nakuahidi."