Vigae Ishirini na Tatu na Nusu

Ukiingia nyumbani kwa Fundi Sawasawa, usihangaike na ukuta wala dari, angalia unapokanyaga. Sebule ile haikuwa na vigae viwili vinavyofanana. Kimoja cheupe, jirani yake cheusi, kinachofuata kina maua ya buluu, halafu kile cha kahawia kilichobaki kwenye bafu la tajiri mmoja aliyebadilisha mawazo mara tatu. Mgeni wa mara ya kwanza husimama mlangoni akajiuliza alikunywa nini mchana.

Haikuwa bahati mbaya, wala haukuwa umaskini. Ilikuwa hesabu.

Fundi alikuwa ametandaza vigae kwenye nyumba za watu kwa miaka ishirini. Jina la Sawasawa alipewa na wenzake kazini, maana hakuwahi kuacha kigae bila kukiwekea pimamaji, na kile kipovu cha ndani ya kioo kisipotulia katikati kabisa, aling'oa akaanza upya, hata mwenye nyumba alie. Kikitulia, ndipo hutamka neno moja: "Sawasawa." Mkewe alikuwa mshonaji wa mapazia. Walipochukua mkopo wa nyumba, milioni sitini za kulipwa kwa miaka ishirini, walihamia kwenye sakafu tupu ya saruji, mtoto mchanga akiwa mgongoni. Fundi akapima vyumba vyote kwa macho, kisha kwa futi, akakaa chini akicheka peke yake.

"Mke wangu, nyumba hii inakula vigae mia mbili na arobaini. Na mkopo una miezi mangapi?"

"Mingapi, si mangapi. Mia mbili na arobaini."

"Basi tumeshamaliza! Kila mwezi tukilipa, natandaza kimoja. Siku sakafu itakapojaa, nyumba ni yetu. Bandu bandu huisha gogo."

Ikawa ndiyo desturi ya nyumba. Kila Jumamosi ya kwanza ya mwezi, risiti ya benki ikiwa bado mfukoni, Fundi alichagua kigae kimoja katika mabaki aliyopewa kazini, akapiga magoti, akapaka gundi, akagonga kwa nyundo ya mpira. Akishasema "Sawasawa", binti yao alirukia juu na kupiga kelele, "Chetu!" Mtoto huyo walimwita Kasuku, maana tangu ajue kusema hajanyamaza. Alikatazwa kuchora kwenye saruji lakini juu ya vigae ruksa, kwa sababu, kama alivyowaeleza wageni wote, saruji ni ya benki.

Mke alizipenda zile Jumamosi kupita kiasi. Ulikuwa mchezo wao watatu, na ndani ya mchezo alijiona mwanamke mwenye kwake.

Miaka saba, vigae themanini na vinne. Sebule ilijaa, wakageukia ukumbini, wakafika mlangoni kwa Kasuku.

Na magoti ya Fundi nayo yakafika mwisho. Kwanza alikuwa anainuka kwa kushika ukuta. Halafu akawa anainuka kwa kushika ukuta na kumtaja marehemu mama yake. Daktari aliyatazama na hakuzunguka: "Ukiendelea kupiga magoti miaka miwili mingine, utatembelea mkongojo. Tafuta kazi ya kukaa."

"Kazi ya kukaa naijua moja tu," Fundi alimwambia mkewe wakitoka. "Duka la vigae. Sasa sikiliza. Tumebakiza vigae mia moja hamsini na sita. Kila kimoja ni laki mbili na nusu ya deni. Ni milioni thelathini na tisa. Kuna mtu anaitaka nyumba kwa sitini na tano. Tunauza, tunalipa benki, tunabaki na ishirini na sita. Duka hilo! Sisi tutapanga vyumba viwili mahali."

Kuuza sakafu ile mke aliona ni kuuza Jumamosi themanini na nne. Lakini usiku kucha alikuwa akimsikia mumewe akigeuka kwa maumivu, na sakafu haiwezi kushinda miguu ya mtu unayempenda. Akasema, "Twende tukaulize deni."

Kule benki, dada wa mikopo alikuwa msichana wa miwani, mpole. Aliandika namba yao, akasoma. "Mnadaiwa milioni hamsini na nne na ushee."

Fundi alicheka. "Hiyo ni ya mtu mwingine, dada. Angalia vizuri."

Aliangalia tena. Akageuza jedwali la malipo upande wao, akaweka kidole kwenye mstari wa kwanza. "Rejesho lenu ni laki saba na tisini kila mwezi. Mwezi wa kwanza, laki saba na nusu ilikuwa riba. Iliyogusa deni lenyewe ni elfu arobaini tu. Riba inahesabiwa kwa deni lililobaki, na deni mwanzoni lilikuwa kubwa."

Mke ndiye aliyeelewa wa kwanza. "Kwa hiyo riba ni mgeni. Anapakuliwa kwanza, anakula nyama, halafu sisi tunakwangua sufuria."

"Hasa, mama. Ila kila mwaka mgeni anapunguza kula, kwa sababu deni linapungua. Miaka ya mwisho mwisho ndiyo nyinyi mtakula vizuri."

"Na hii miaka saba tumelipa ngapi?"

"Milioni sitini na sita."

"Zaidi ya bei ya nyumba!"

"Ndiyo. Na iliyopunguza deni ni milioni sita kasoro."

"Na tukifika mwisho kabisa, jumla?"

Msichana alishusha sauti, kama anayetoa habari ya msiba. "Milioni mia moja themanini na tisa na nusu."

"Nyumba tatu," mke akasema. "Tunanunua tatu, tunalala kwenye moja."

"Imeandikwa kwenye karatasi mlizosaini, mama. Ukurasa wa nne."

Ilikuwa kweli, na hilo ndilo lililomuuma. Siku ile ya kusaini waliuliza swali moja tu: kwa mwezi ni ngapi? Kuuliza jumla waliona haya, wasije wakaonekana washamba. Mwanamke ambaye hakati kitambaa bila kupima mara mbili alisaini miaka ishirini ya maisha yake bila kupima hata mara moja. Kukopa harusi, kulipa matanga. Methali ameisikia tangu utoto, na bado alicheza ngoma mpaka asubuhi.

Msichana akaongeza, "Lakini nisikilizeni. Adhabu ya kulipa mapema ilikwisha mwaka wa tano. Mkipata chochote cha kuongeza juu ya rejesho, andikeni kwenye fomu kwamba kinapunguza deni lenyewe. Msiache kihesabiwe kama rejesho la mwezi ujao. Mkiongeza, tuseme, laki mbili na nusu kila mwezi, hii miaka kumi na mitatu iliyobaki inakuwa saba."

"Laki mbili na nusu ni kigae kizima," Fundi akasema. Msichana hakuelewa. Mke alielewa, akamshika mkono.

Walipofika nyumbani, Fundi alichukua chaki. Akaanza kuhesabu kuanzia mlango wa mbele, akiinama kwa shida, mkewe nyuma yake. Kigae cha ishirini na tatu. Akakiruka, akachora mstari katikati ya kinachofuata. Mstari haukufika hata kwenye meza ya chakula.

"Mpaka hapa," akasema. "Milioni sita kasoro, kila kigae laki mbili na nusu: ishirini na tatu na nusu. Hivi ndivyo vyetu."

Kasuku alikuwa anatazama. "Na chumba changu?"

"Bado sana, mama."

"Na hivi vingine tulivyosema vyetu?"

Baba mtu alikwenda kukaa jikoni, kwenye saruji ya benki. Mke alimfuata na beseni la maji ya moto na kitambaa, akaanza kumkanda magoti.

"Nimekudanganya miaka saba," Fundi akasema. "Nimemdanganya na mtoto. Bandu bandu, bandu bandu, kumbe gogo lenyewe linaota!"

"Hujamdanganya mtu. Tumedanganyika wote, na mimi ndiye mwenye futi shingoni."

"Tukiuza tunabaki na kumi na moja. Hazitoshi duka wala stoo ya duka. Narudi kazini Jumatatu."

"Kwa magoti gani?"

"Haya haya."

Hapo mke akalia. Hakulilia mamilioni, maana hajawahi kuyaona uso kwa uso. Alililia magoti yale mawili mikononi mwake, yaliyovimba kwa kuinamia sakafu za watu ili yeye awe na yake. "Nakupenda kuliko nyumba hii," alimwambia, na haikuwa kawaida yao kuambiana hivyo mchana. Fundi akatazama pembeni. "Punguza hayo maji, yananichoma," akasema, naye anafuta macho.

Jumamosi ya kwanza ya mwezi uliofuata walilipa kama kawaida, lakini hakuna aliyepiga magoti. Kigae cha themanini na tano, cha kijani chenye madoadoa, kiliegemezwa ukutani pale ukumbini. Kikakaa. Kasuku alikipita kila siku kwenda kulala, na kwa mara ya kwanza katika maisha yake hakuuliza kitu.

Siku moja mteja alifuata mapazia yake, mama mmoja anayejenga, mwenye haraka zake. Mke alikwenda kuyaleta chumbani. Aliporudi, yule mama alikuwa ameweka mkoba chini na kuvua viatu, anatembea taratibu kutoka kigae hadi kigae.

"Hiki kinateleza kikilowa?"

"Hicho hapana. Hicho cheupe ndiyo kinateleza."

"Na hiki cha rangi ya mchanga kinashika uchafu?"

"Kinauficha. Kina miaka minne hapo, na nina mtoto."

"Jamani! Dukani wananionyesha kipande ukutani, mimi nitatembea ukutani? Hiki ndicho nataka. Mnakiuza wapi?"

Mke alifungua kinywa aseme hatuuzi. Akakifunga. Alitazama sakafu yake, kila kigae na umri wake, kila kimoja kimeshakanyagwa, kimemwagiwa chai, kimechorwa na Kasuku na kufutwa. Wageni wote waliopita pale waliuliza maswali yale yale, na miaka saba yeye alikuwa akiwajibu na kuwakaribisha chai.

"Fundi!" akaita. "Njoo na kiti!"

Mwenye stoo ya vigae alimjua Sawasawa kwa miaka ishirini. Alikubali kumpa mali amlipe akishauza, abaki na chake kwa kila boksi. Makochi yakahamia chumbani, meza ya chakula ikaenda jikoni, na kuanzia siku hiyo familia ilikula ikigusana viwiko. Mke alikata pazia nene, akalining'iniza mwanzo wa ukumbi: mbele duka, nyuma nyumba. Lilimuuma, tusidanganyane. Sebule ndiyo aliyoiringia. Lakini Fundi alikaa kwenye kiti katikati ya vigae vyake, miguu imenyooshwa, akiwaambia watu, "Vua viatu, tembea, usiniamini mimi, uamini unyayo wako." Vijana wakawa wanakuja kuchukua kazi za kutandaza kupitia kwake, naye anakwenda kukagua na pimamaji lake akiwa wima.

Miezi miwili ya mwanzo walishindia maharagwe. Mwezi wa tatu, baada ya kula na ada ya shule na rejesho, zilibaki laki mbili na nusu. Walizihesabu mara tatu, kila mtu na zamu yake, Kasuku naye.

Mke ndiye aliyezipeleka. Aliomba fomu, akaandika kwa herufi kubwa KUPUNGUZA DENI LENYEWE, akapiga mstari chini yake, akamsimamia dada wa mikopo mpaka akaona namba imebadilika. Jioni alichukua chaki, akafuta mstari wa mwezi uliopita, akauchora mbele. Mwezi mmoja, na ulisogea kigae kizima na karibu nusu ya kingine. Kasuku aliupima kwa nyayo zake, akaupima tena.

"Hivi ni kweli vyetu, au ni vile vya kusema?"

"Ni kweli," mama akajibu. "Safari hii tumeuliza."

Kisha akakwenda ukumbini, akakinyanyua kile cha kijani. Akafunga kanga kiunoni, akapiga magoti.

"Wewe, unafanya nini?" Fundi akasema, akivuta kiti chake mpaka pale.

"Wewe kaa. Kazi yako mdomo."

Akakaa, na mdomo ukafanya kazi. Gundi nyingi mno. Sasa kidogo mno. Sogeza kushoto, kushoto kwako, si kwangu. Gonga katikati, unabembeleza nini, ni kigae si mtoto! Mke aligonga, akatukana kidogo, akagonga. Magoti yalimuuma kabla hata ya kumaliza, akafikiria miaka ishirini ya mumewe. Mwishowe akajiegemeza kwenye visigino, jasho puani, gundi hadi kwenye nyusi.

Fundi aliinama kutoka kitini, akaweka pimamaji juu ya kigae. Wote watatu walitazama kile kipovu. Kilitembea, kikasita, kikakaa pembeni kabisa upande wa mlango wa Kasuku. Hata kipofu angeona.

Fundi alimtazama mkewe, na yale magoti yake mapya yaliyojaa vumbi.

"Sawasawa," akasema.

Na Kasuku akaruka juu.