Wasomaji wa Dhirendra Kule Mwika

Mwaka 1994 Dhirendra alikuwa na duka la vitambaa mjini Moshi, lakini watu wa mlimani walimjua zaidi kwa kalamu yake. Kila Jumamosi gazeti moja la Dar es Salaam lilichapa makala yake, na karibu zote ziliuliza swali lilelile: Mtanzania ni nani? Aliliuliza akiandika kuhusu mitumba, kuhusu majina tunayowapa watoto, kuhusu foleni ya mpakani Holili.

Siku moja mhariri akampigia simu. Kipindi hicho watu walikuwa wakibishana juu ya wazawa na wasio wazawa, na baadhi ya wasomaji walihoji Mhindi anawezaje kuwafundisha uzalendo. Mhariri alimwomba kwa upole atumie jina la bandia.

"Basi tupumzike kwanza," Dhirendra alisema, akaweka simu chini. Mkewe, Vijaya, alimwona akikunja kitambaa kilekile, akikikunjua, akikikunja tena.

Wiki zikapita bila makala. Ndipo mwalimu mstaafu aitwaye Yuditha akateremka kutoka kijiji cha Mwika, mlimani, na kuingia dukani.

"Wewe ndiye Dhirendra?"

"Ndiye mimi, mama. Karibu. Unatafuta kitambaa gani?"

"Natafuta makala. Kina mama wakishapeleka maziwa kituoni, huwa nawasomea. Sasa wananiuliza kama umeugua."

Dhirendra akamweleza yote. Yuditha alisikiliza hadi mwisho.

"Hao wamekosea," akasema. "Lakini na wewe una lako. Unaandika, 'Watanzania wanapenda hiki, Watanzania wanaogopa kile.' Kwani wewe uko wapi? Sijawahi kukuona ukiandika 'sisi'."

Vijaya, aliyekuwa akisikiliza pembeni, alicheka mpaka akakaa. "Hilo nimemwambia, Mwalimu. Humu ndani ni 'sisi' kutwa. Akishika kalamu anakuwa mgeni."

"Naogopa," Dhirendra akasema taratibu. "Nikiandika 'sisi', mtu atauliza, ninyi na nani?"

"Na mimi. Akiuliza, mwelekeze Mwika."

Dhirendra alimkatia Yuditha kitambaa cha gauni, akakataa katakata kulipwa.

Makala aliyoandika wiki hiyo ilianza kwa neno "Sisi", na chini yake akaweka jina lake kamili. Mhariri alisitasita, kisha akaichapa. Barua za hasira zilikuja, na za shukrani pia. Dhirendra alizisoma zote.

Yeye na Vijaya walipanda Mwika kuisikia ikisomwa. Yuditha alipomaliza, mmoja wa kina mama, Flavia, akanyoosha mkono.

"Umeandika sisi tunapenda mtori wa ndizi. Mimi siupendi, na nimezaliwa hapahapa."

Wakaangua kicheko. Dhirendra akatoa kalamu, akamwomba aeleze vizuri. Ubishi ukaendelea mpaka jua likawa kali, na jioni mume na mke walishuka mlimani na mkungu wa ndizi, bado wakibishana kama Flavia alikuwa sahihi.