Siku ya Idi, Chini ya Daraja

Likiingia kumi la mwisho la Ramadhani, Bi Mabruka huzima simu yake, akaizongazonga kwenye kitambaa na kuitia katika mtoto wa meza, chini ya kanga. Haitoki humo mpaka Idi iswaliwe. Ndiyo ada yake, na hapo Ibra, Omani, nani asiyeijua? "Mwaka mzima mnanipata," husema. "Siku hizi niacheni na Mola wangu. Atakayekufa nitaambiwa."

Mwaka huu aliizima kwa raha kabisa, maana alijiona keshaimaliza kazi kubwa ya uzee wake. Wanawe wawili, Huwaida na Ishak, walikuwa wamekubali kukutana. Huwaida yuko Kopenhagen, Denmaki. Mdogo wake Ishak yuko Malmo, Uswidi. Baina yao pana mlangobahari mwembamba na daraja moja juu yake, safari fupi kuliko kutoka Ibra mpaka Bidbid. Na kwa miaka mitano hawa watoto wa tumbo moja hawakupeana hata salamu. Kila mmoja kamfungia mwenzake simu, basi!

Na hao ni watoto wa Yaqoob! Yaqoob, marehemu mumewe, alikuwa mpishi kwenye kivuko cha baina ya miji hiyo miwili kabla daraja halijajengwa, na hadithi za majirani wale alikuwa nazo tele. Aliwaambia watoto kuwa huko ng'ambo, Malmo na nchi iliyoizunguka, zamani kulikuwa kwa Wadenmaki, Waswidi wakakutwaa kwa vita. Wakapigana tena na tena, wakachomeana miji. Wanorwe nao walitawaliwa na huyu, kisha wakapewa yule. Na leo je? Bendera zao zote ni msalaba ule ule uliolazwa ubavu, rangi tu ndizo mbalimbali. Mswidi akisema, Mdenmaki anamfahamu, ila anajitia hasikii, kama Muunguja akikutana na Mpemba. Wanachekana, kisha wanakunywa kahawa pamoja. "Wamemwagiana damu watu hawa, hata mto usingetosha," Yaqoob akisema, "na angalia, wanavukiana kwenda kununua siagi!" Watoto wakicheka mpaka wanapaliwa na chai.

Yaliyowatenganisha watoto hao yalikuwa maziko yake mwenyewe. Ilikuwa mwaka wa korona. Bi Mabruka alikuwa amekuja Ibra kumuuguza mamake, ndege zikasita, akakwama hapa. Denmaki ikafunga mpaka, Uswidi ikauacha wake wazi. Majirani wale wa miaka yote, kila mmoja akashika lake. Yaqoob akafa Kopenhagen alfajiri, mkono wake umo mkononi mwa Huwaida. Ishak akakimbilia daraja, akasimamishwa upande wa pili, mara karatasi hii, mara karatasi ile. Akampigia dadake: "Ningoje, nakuja." Huwaida alikuwa peke yake, maiti mbele yake, wazishi wanamhimiza, na tangu utoto kafundishwa kuwa maiti hacheleweshwi. Akaruhusu baba azikwe. Ishak alipofika aliukuta udongo umeshamwagiwa maji.

Hapo hapo kaburini aliomba kitu kimoja tu, tasbihi ya babake, ile ya yusri, marijani nyeusi ya baharini, aliyokufa nayo. Lakini aliiomba kwa matusi, mbele za watu, na Huwaida naye ana roho. Akaitia mfukoni, akaondoka. Hiyo ndiyo siku ya mwisho waliyoonana.

Bi Mabruka alilia, alinuna, aliapa, wapi! Mpaka mwezi wa Shaabani, daktari alipomwambia kuwa moyo wake umechoka na hawezi kupasuliwa. Akarudi nyumbani, akawapigia mmoja mmoja.

"Sina muda, mwanangu," alimwambia Huwaida. "Nataka nizisikie sauti zenu mbili kwenye simu moja kabla sijenda zangu. Sitaki jengine."

"Nitampelekea tasbihi," Huwaida akasema mwisho. "Nitavuka mimi. Lakini mama, akinifedhehesha tena, wallahi basi."

Ishak alikuwa mwepesi zaidi. Aliposikia tasbihi sauti ilimvunjika. "Ataniletea kweli? Mwambie nitakuwapo. Mwambie sitasema neno baya."

Bi Mabruka ndiye aliyechagua pahala na wakati: upande wa Malmo, pwani, pale chini ya daraja ambapo Yaqoob akiwapeleka wadogo kutazama meli. Siku ya Idi, baada ya adhuhuri. Siku ya furaha, nani atakunja uso? Kisha likaingia kumi la mwisho, akazima simu, akaitia mtotoni mwa meza.

Jioni ya ishirini na tisa alikaa mbele ya televisheni na wifi yake Kaltham, dadake Yaqoob, aliyekuja kutoka Nizwa kula Idi naye. Ikatangazwa kuwa mwezi haukuonekana, kesho ni kukamilisha thelathini. Kaltham akabonyeza stesheni ya nchi nyengine. Huko takbiri zilishaanza.

"Hebu rudisha huko!" Bi Mabruka akamkemea. "Sisi tuna mwezi wetu."

"Mwezi ni mmoja, wifi, labda macho ndiyo yenu."

"Cheka tu. Hata Denmaki mimi sikula Idi ya mtu. Nilikuwa nikipiga simu hapa Ibra kuuliza, na watoto wangu wakienda skuli na nguo mpya siku ambayo wenzao wameshazivua." Akainuka kwenda kuroweka ngano ya bokoboko, huku akijiimbia. Kaltham alikuwa hajamsikia akiimba tangu kufiwa.

Wakafunga siku ile moja ya ziada, na ya pili yake ikawa Idi. Watu wakaingia na kutoka, bokoboko likasifiwa, halwa ikaliwa. Wageni wa mwisho walipoondoka, Bi Mabruka akaitoa simu kitambaani, akaiwasha, akaketi nayo kitandani mfano wa bibi harusi. Kaltham akaketi pembeni yake.

Simu ikaanza kulia mfululizo. Zilikuwa simu za Huwaida zisizopokewa, moja juu ya moja, zote za jana. Mwisho ujumbe wa sauti. Bi Mabruka akaubonyeza.

"Mama, Idi mubarak." Nyuma ya sauti upepo ulikuwa ukivuma. "Nimemngojea huyo mwanao mpaka miguu imekufa ganzi. Watu wote wameshaondoka. Nimekupigia wewe, umezima. Nafikiri anataka na mimi nijue kungoja kukoje. Sawa, nimejua. Tasbihi nimeitupa majini, mama, ili asiwe nayo yeye wala mimi. Usinitajie tena jina lake."

"Amesimama lini?" Bi Mabruka aliuliza. "Amesimama lini huyu? Idi si leo?"

Kaltham alimgeukia. "Wifi. Ulimwambia Idi ya nani?"

"Idi! Idi ni Idi!"

"Huwaida na mumewe Firas wanafunga na msikiti wao wa kule. Idi yao ilikuwa jana. Na Ishak..."

Hapakuwa na haja ya kumalizia. Ishak, peke yake katika wote, ndiye aliyeshikilia ada ya mamake. Mtaa mzima wa Malmo ungeweza kuvaa na kula, yeye angengoja Ibra iseme. Ni Bi Mabruka, mama mtu, aliyewapa siku moja yenye tarehe mbili, kisha akazima simu na kwenda kusali.

Akampigia Huwaida. Ililia sana ndipo ikapokewa.

"Mama, nimekwambia usi..."

"Nisikilize! Hakukufanyia kusudi. Mimi ndiye niliyekosa, mimi. Idi yetu ni leo. Anakuja leo, mwanangu, sasa hivi yuko njiani. Panda treni, nenda!"

Alisikia pumzi za bintiye, kisha kilio. Huwaida hakulia hivyo hata siku ya maziko.

"Nende na nini?" akasema. "Nimeitupa, mama. Ile imekwenda chini kama jiwe. Nitamtazama vipi? Nimwambie sikumngoja kwa baba, na kwa tasbihi pia sikumngoja?"

"Nenda mikono mitupu. Ni nduguyo."

"Unamjua Ishak. Angesamehe kila kitu, hilo hatalisamehe. Na mimi ningekuwa yeye nisingesamehe." Akavuta kamasi. "Mwambie utakalo. Mwambie mimi mbaya. Siendi." Akakata, na Bi Mabruka alipopiga tena simu ilikuwa imezimwa.

"Mwambie Ishak ukweli," Kaltham alisema. "Mapema, kabla hajafika."

"Ndiyo. Namwambia." Lakini kabla hajalipata jina, simu ikalia yenyewe mkononi.

"Shikamoo, mama! Idi mubarak!" Upepo ule ule ukavuma nyuma ya sauti. Ishak alikuwa akicheka, cheko la utoto wake. "Nishafika. Nimekuja mapema, nisije nikamkosa. Nimevaa kanzu ndani ya koti, watu wananitazama! Nimesimama pale pale baba akitusimamisha, maji haya hapa miguuni mwangu."

"Marahaba, mwanangu," Bi Mabruka akasema. Akamtazama Kaltham, naye Kaltham akamtikisia kichwa, sema, sema.

"Atakuja nayo, siyo? Alikwambia atakuja nayo?"

"Alisema. Ishak, baba, baridi hiyo. Huoni bora urudi nyumbani?"

"Nirudi! Mama, hata akichelewa mpaka magharibi mimi nipo. Nisimngoje kwa nini? Mimi mwenyewe najua uchungu wa kutongojwa. Nilimkosea pale kaburini. Akifika nitampa simu uzungumze naye, upate kutusikia sote wawili, kama ulivyotaka. Usizime tena simu, mama."

"Sizimi," alisema.

Ishak akakata ili aitazame njia ya kituoni. Kaltham alikuwa analia wazi wazi. "Umemwacha pale, wifi? Umemwacha anasimama?"

Bi Mabruka aliiweka simu mapajani na kuikodolea macho, na kila ilipowaka kwa salamu za Idi za watu alishtuka. Nje watoto wa jirani walikuwa wakipita na bahasha zao za Idi. Alitaka kuinyanyua ile simu na hakuweza, na kule Malmo kijana wake aliendelea kungoja.